Mdogo wangu anasema ninamuua baba mara ya pili

Shikamoo mshauri,

Nimekuwa nikisoma safu hii kwa muda, na wengi wanaokuandikia wanaleta mambo ya ndoa, mirathi na wakwe. Langu linatokana na hadithi ya kubuni, na kwa sababu hiyo nimelikalia kimya nikiona haya. Lakini hadithi hiyo imetufikisha mimi na mdogo wangu mahali ambapo hatuzungumzi, na kwetu tumebaki wawili tu.

Baba yetu alikuwa mwandishi wa mabango. Tulijifunza kusoma tukimshikia makopo ya rangi, kabla hata ya kuanza shule. Kila baada ya muda alirudi kwenye mabango aliyoyaandika zamani akayapaka upya, na tulipomuuliza kwa nini, alijibu kwamba neno lisilosomeka halifanyi kazi yake. Kutokana na kauli hiyo tukatunga nchi yetu wenyewe. Katika nchi hiyo, neno likiandikwa na mkono uliofunzwa huwa kweli pale pale lilipoandikwa, na hubaki kweli mpaka herufi zifutike. Ukiandika "mvua" kwenye kigae, mvua inanyesha juu ya paa hilo tu. Rangi ikichujuka, mvua inakatika. Tulicheza mchezo huo utoto wetu wote, na tulipokua nikaanza kuugeuza riwaya. Mdogo wangu ndiye msomaji wangu wa kwanza, na nusu ya sheria za nchi ile ni zake.

Sheria kubwa kuliko zote aliitunga yeye. Anayeandika uongo hapigwi na radi wala hajiwi na jini. Anachopoteza ni uwezo wa kulijua lile alilolidanganyia. Katika sura ya pili kuna mfanyabiashara anayeandika juu ya mizani anayopunjia watu: "Mizani hii ni ya haki." Kila mteja anaiona ya haki. Lakini tangu siku hiyo mikono ya mtu yule haijui tena uzito. Anamwinua mwanawe kutoka chini asijue kama amemwinua. Sehemu hiyo tuliiandika pamoja usiku mmoja, na hata leo naipenda.

Mhusika mkuu ni msichana mwandikaji, ana baba mzee na mdogo wake wa kike. Katika sura za mwanzo nilimwandika yule mzee akianza kuchoka, miguu ikivimba, akisimama katikati ya ngazi kama anayetafakari jambo. Miezi kadhaa baadaye baba yetu akaambiwa figo zake zimeshindwa kufanya kazi. Mdogo wangu alikuwa kazini, mbali. Alituma pesa na alipiga simu kila jioni. Mimi ndiye niliyekaa naye, nikampeleka kusafishwa damu, nikamgeuza kitandani. Baba alifariki mdogo wangu akiwa njiani, akafika tumeshamzika.

Nilipopata nguvu nikarudi kwenye muswada. Sasa mzee wa hadithini naye amekufa, na binti yake anafanya jambo lililokatazwa kuliko yote: anaandika jina la baba yake kwenye ubao wa mlango, na chini yake neno moja, "yupo". Mzee anarudi. Anaketi mahali pake, anakohoa kama alivyozoea kukohoa, anauliza nani amehamisha funguo zake.

Kwa sheria ya mdogo wangu, msichana ameandika uongo na atapoteza ujuzi fulani. Mimi nikaona hiyo haitoshi kwa kosa kubwa la kufufua maiti. Nikaweka gharama nyingine: ili marehemu apate nafasi kati ya walio hai, lazima mtu aliye hai aiachie. Kila siku anayokaa mzee, mdogo wake msichana anafifia. Kwanza watu wanasahau jina lake. Kisha wanaacha kumhesabu wanapopanga viti. Sura inaishia pale dada mtu anapopishana naye kwenye ngazi na kumsalimu kama anavyosalimiwa mgeni.

Nilimtumia mdogo wangu sura hiyo. Alijibu: "Umemrudisha baba, ukanifuta mimi." Kisha akaniomba nimwache mzee arudi bila mtu yeyote kulipa. Akasema nchi ile ni yetu, sheria tulizitunga sisi, na kama kalamu yangu inaweza kumrudisha, kwa nini nimtoze mtu? Nikamweleza kwamba uchawi usio na gharama unaiua hadithi. Akaniambia: "Basi utamuua baba mara ya pili, na safari hii kwa hiari yako." Akaongeza kwamba nilimwandika akivimba miguu kabla hajaugua.

Hajanipigia tena, wala mimi sijampigia. Najua hadithi haiui mtu. Mchana najua. Usiku nafungua ile sura ya miguu nikaangalia tarehe niliyoiandika. Nimeacha kuandika kabisa. Wenzangu wachache walioisoma sura ya ngazi wanasema ni bora kuliko zote nilizowahi kuandika, na mimi nadhani hivyo hivyo, na hilo ndilo linalonitesa zaidi. Je, niibadilishe? Nimrudishe mzee bure? Au niuache muswada wote?

Mwenye Brashi ya Baba

MSHAURI ANAJIBU

Marahaba mwanangu. Pole kwa kufiwa na baba, na pole kwa huo ukimya uliofuata, maana nao ni msiba. Usione haya kwa kuleta jambo la hadithi. Nchi mliyoitunga mkishika makopo ya rangi ni sehemu ya nyumba mliyolelewa, na ugomvi wenu unahusu nyumba hiyo.

Umeniuliza kuhusu sura moja. Ninavyoisoma barua yako, mambo yamefungana: kuna sheria ya nchi yenu na nini kimpate anayeivunja, kuna mdogo wako aliyejiona amefutwa, na kuna usiku unapokaa kuangalia tarehe. Naomba nianze na usiku, kwa sababu usiku huo ukiendelea hutaweza kuamua chochote kuhusu hayo mengine.

Figo zinaweza kudhoofika kwa miaka mingi bila dalili ambayo mtu anaitambua. Kuvimba miguu na kuchoka kwa kawaida huonekana ugonjwa ukiwa umeshakwenda mbali. Baba yako alipoambiwa habari ile, inaelekea hali hiyo ilikuwa imeshakuwamo mwilini kwa muda, huenda tangu kabla hujaandika hata neno la kwanza la sura yako. Sasa nikuulize: yule mzee anayesimama katikati ya ngazi ulimtoa wapi? Uliishi na mtu, ukamwona akipanda, akisimama, akijifanya anawaza jambo. Jicho lako lilichukua, na mkono ukaandika. Ugonjwa ulitangulia, sura ikafuata. Na tafadhali usiligeuze hili kuwa lawama mpya, useme basi ningejua mapema. Mwandishi anayeona namna mtu anavyosimama hajawa daktari. Watoto wengi wanaona wazazi wao wakichoka, wakasema ni uzee, na mara nyingi huwa ni uzee.

Wala sisemi hofu yako ni upuuzi. Ina ukoo mrefu. Katika vyumba vya maziko vya baadhi ya piramidi za Misri, waliochonga maandishi ukutani walizikata vipande alama zenye umbo la nyoka na wanyama wengine, au waliziacha nusu, ili kiumbe kilichoandikwa kisije kuamka na kumdhuru maiti. Watu wale walikuwa na ujuzi mkubwa na walijua walichokifanya. Waliamini kwamba kuandika kitu ni kukileta. Wewe umelelewa na mtu aliyekuambia neno lina kazi, ukatunga nchi nzima juu ya imani hiyo, na sasa uko kwenye huzuni. Ningeshangaa kama nchi ile isingekujia usiku. Lakini hata kwa sheria zenu wenyewe, neno huwa kweli pale lilipoandikwa. Uliandika kwenye muswada, kuhusu mzee wa kwenye muswada.

Mdogo wako alipokutupia neno lile alikuwa na hasira, naye ni mtu aliyefika akakuta kaburi. Simtetei. Neno lile liliumiza, na una haki siku moja kumwambia hivyo. Lakini sidhani lilitoka kwenye imani kwamba ulimuua baba yenu. Mtu akikosa dakika za mwisho hutafuta mahali ambapo mambo yangeweza kwenda vingine, na mahali alipopaona yeye ni kwenye kalamu yako.

Sasa nije kwenye nchi yenyewe, maana hapo ndipo nilipokaa muda mrefu na barua yako. Umesema kosa la kumfufua mtu ni kubwa, kwa hiyo sheria ya mdogo wako "haitoshi". Haitoshi kwa nani? Hebu tuitazame dhana hiyo kidogo, kwamba kosa likiwa kubwa zaidi lazima adhabu iwe kali zaidi. Visa vya kale kuhusu maandishi yaliyotumiwa vibaya haviko upande mmoja katika hilo.

Kuna kisa cha Misri, kimehifadhiwa kwenye mafunjo yaliyoko Cairo, kuhusu mwana wa mfalme aitwaye Naneferkaptah. Anatafuta kitabu kilichoandikwa na mungu Thoth kwa mkono wake mwenyewe, kilichofichwa mtoni ndani ya masanduku yaliyozungukwa na nyoka na nge. Anakipata. Anayanakili maneno, anayayeyusha, anayanywa, ili yawe ndani yake. Thoth anakwenda kumshtaki kwa Ra, mungu wa jua, na adhabu inashuka: kwanza mwanawe mdogo anazama mtoni, kisha mkewe, na mwisho yeye mwenyewe. Katika nchi ya aina hiyo kuna mwenye mali, kuna mashtaka, kuna hukumu, na hukumu inawapitia wasio na hatia kabla ya kumfikia mwenyewe.

Kisa cha pili kimo katika saga ya Egil, hadithi ndefu ya kale kuhusu shujaa na mshairi wa jina hilo, iliyoandikwa Iceland katika karne ya 13. Binti mmoja aitwaye Helga anaumwa, amekonda, halali usiku. Egil anaamuru atolewe kitandani, na ndani ya kitanda kinapatikana kipande cha mfupa wa nyangumi kilichochongwa runi, yaani herufi za kale za watu wa kaskazini mwa Ulaya. Kijana wa jirani alimtaka binti huyo akachonga runi za mapenzi, ila hakuzijua vizuri. Alitaka mapenzi akaleta maradhi. Hakuna mungu aliyekasirika hapo. Maandishi yalifanya yale yaliyoandikwa, na yaliyoandikwa hayakuwa yale aliyoyakusudia mwandishi. Egil anazikwangua herufi zile, anauchoma mfupa, matandiko yanatolewa nje kupata hewa, kisha anachonga runi nyingine na kuziweka chini ya mto. Helga anaamka kama mtu aliyetoka usingizini.

Nchi yenu, kwa jinsi ulivyonieleza, ilianza ikiwa karibu na ile ya pili. Mfanyabiashara wa mizani hakuhukumiwa na mtu. Alidanganya kuhusu uzito, uzito ukamtoka. Ni sheria nzuri sana hiyo, na mwambie mdogo wako nimesema hivyo. Lakini ulipofika kwenye ubao wa mlango, umehamia nchi ya kwanza bila kutaja nani anayetoza. Ghafla kuna daftari mahali fulani, kuna nafasi zenye hesabu, na asiye na hatia anatolewa ili mwingine aingie. Huenda una sababu yako ya kiutunzi. Mimi nauliza tu ilitoka wapi.

Na hapa nitauliza jambo jingine, nikikuomba ulipokee polepole. Kwa nini ni mdogo mtu anayefifia? Kijiji kizima kiko mbele yako. Ungeweza kumfuta jirani. Umeniandikia kwa utulivu kwamba yeye alituma pesa na kupiga simu, na wewe ukamgeuza baba kitandani, kisha ukapita. Sijui kama kuna hasira hapo. Ikiwapo, si dhambi, na waliouguza wazazi wao wengi wanaijua. Inawezekana pia ni hofu, kwamba baada ya baba atakayeondoka ni yeye. Na kuna uwezekano wa tatu ambao ulinijia nikisoma tena ile sehemu ya viti: huenda anayefifia ni wewe. Anayeuguza mara nyingi huacha kuitwa jina lake. Wageni wanaingia wakiuliza hali ya mgonjwa, wanampita yeye mlangoni. Kama kuna chembe ya hilo, basi mdogo wako amejiona yeye mahali ambapo wewe ulikuwa unajiandika mwenyewe bila kujua. Unaweza kulikataa hili lote. Wewe ndiye unayejua.

Tuje kwenye njia ulizotaja.

Kumrudisha mzee bure: umelipinga upesi mno, nadhani, kwa sababu umelisikia kama hoja ya utunzi. Mtu aliyekosa maziko akisema "acha arudi", huenda anaomba alasiri moja tu. Unaweza kumpa alasiri hiyo ndani ya kitabu, mzee ameketi, anatafuta funguo, na hakuna anayelipa kwa kurasa kadhaa. Hatari yake unaijua: mfanyabiashara wa mizani atasimama pale sura ya pili akiuliza kwa nini uongo wake kuhusu kilo ulimgharimu mikono, na uongo kuhusu kifo haukumgharimu mtu kitu. Msomaji atauliza pamoja naye. Na kwa mdogo wako kuna hatari nyingine, kwamba mzee asiyeondoka kwenye karatasi atamfanya aone yule wa kweli ameondoka kwa sababu kuna mtu hakuandika vizuri.

Kuiacha sura ilivyo: ni haki yako pia. Kazi nzuri haichomwi kwa sababu imemuumiza mtu, na wenzako hawakukudanganya, hata kwa muhtasari wako ile salamu ya kwenye ngazi ilinishika. Lakini kuiacha ilivyo leo, mkiwa mmenyamaza, kutasomwa naye kama jibu. Ukiichagua njia hiyo, naona ni bora aisikie kwanza kwa sauti yako kwamba kufifia kwa yule binti si mwisho wa kitabu, kama kweli sio. Kwa kisa cha Egil, kilichochongwa vibaya kilikwanguliwa na kingine kikachongwa. Jina lililosahaulika linaweza kuandikwa tena, na swali la nani ataliandika, na kwa brashi gani, linaweza kukupeleka mbali.

Kuna mlango mwingine ambao hukuutaja, na mimi nimeuona ndani ya sheria yake mwenyewe. Msichana aliandika "yupo" juu ya mtu asiyekuwapo. Kwa sheria ya mdogo wako, anapoteza uwezo wa kulijua lile alilolidanganyia. Basi hatajua tena nani yupo na nani hayupo. Ataketi na watu asihisi wameketi naye. Atapishana na mdogo wake kwenye ngazi na kumsalimu kama mgeni. Sura yako ya mwisho inabaki karibu neno kwa neno, ila binti yule hajafutwa na mtu. Yupo mzima kwenye ngazi, ana jina lake, ameumia, na aliyepotelewa ni dada yake. Pia ipo ile kauli ya baba yenu. Neno hubaki kweli mpaka herufi zifutike, na ubao wa mlango unapigwa na jua na mvua. Msichana atalazimika kulipaka upya jina lile mara kwa mara, na kila anapolipaka anaandika uongo tena, na kila mara anapoteza zaidi. Hapo hakuna anayemtoza ila mkono wake mwenyewe, na kuacha kupaka si kumuua mzee.

Sikupi njia hii kama jawabu. Ina hatari ambayo kwako wewe ni kubwa kuliko kwa mtunzi mwingine: inaweka mzigo wote juu ya msichana mwandikaji, na wewe tayari unajihukumu usiku. Ukijikuta unaiandika ili kumwadhibu, weka kalamu chini. Na mdogo wako anaweza kuisoma akasema bado baba anafifia tu, umebadilisha rangi. Atakuwa na haki kusema hivyo.

Kuhusu kuuacha muswada wote, sioni haraka. Kupumzika sawa. Ila kuuacha kwa hofu ya tarehe kutaipa ile hofu cheo ambacho haina, na nadhani mngepoteza wote wawili mahali mlipozoea kukutana.

Wamisri hao hao waliozikata alama za nyoka walikuwa na desturi nyingine, ya kuwaandikia barua wafu wao. Nyingi ziliandikwa kwenye bakuli zilizopelekwa kaburini na sadaka. Waliomba msaada, walilalamika, waliuliza. Ipo moja ya mjane mwanamume anayemwuliza mkewe marehemu kwa nini bado anamsumbua, na anaorodhesha jinsi alivyomtunza vizuri alipokuwa hai. Hawamwamuru mtu arudi, wanaendelea tu na mazungumzo. Nimefikiri kwamba katika nchi yenu, ambako kuandika "yupo" ni uongo, kumwandikia aliyekufa huenda si uongo hata kidogo. Labda sura hiyo haijaandikwa bado, na labda si wewe wa kuiandika. Mdogo wako alitunga sheria bora ya kitabu kizima. Anaweza kuwa na barua yake kwa yule mzee. Usimpe kama kazi ya kumtuliza, atalijua hilo mara moja. Ukimwomba, iwe kwa sababu unataka kweli kuisoma, na akikataa uliache.

Lakini kabla ya haya yote, nakuomba umpigie simu, na usianze na sura. Katika barua yako sijaona mahali ambapo umemsimulia siku ya mwisho ya baba ilikuwaje. Inawezekana ulimsimulia. Kama hukumsimulia, yeye hana siku hiyo, wewe unayo. Na zile simu za kila jioni, zilizopigwa wakati pengine ulikuwa jikoni au umelala kwa uchovu, anazo yeye, wewe huna. Muulize baba alikuwa akimwambia nini. Akikata simu, mwache siku chache kisha jaribu tena, au mtumie ujumbe mfupi usio na maelezo ya utunzi.

Ile sura ihifadhi kama ilivyo, nakala nzima, na usimwonyeshe mtu mwingine mpaka mtakapokuwa mmeongea. Na kama usiku wa kuangalia tarehe utaendelea, ukawa hulali au huli, mtafute mshauri au daktari wa kuketi naye ana kwa ana. Huzuni ya aliyeuguza kwa muda mrefu ina uzito wake, na barua peke yake haiwezi kuubeba. Niandikie tena ukipenda, nami nitafurahi kujua yule msichana ameamua nini kuhusu ubao wake.

Mshauri wako